Muziki wa Kesho Nilioufuta kwa Mawaidha

Nina hasira, na habari hii nitaieleza nikiwa nayo hivyo hivyo, maana nikingoja ipoe nitaanza kusema uongo wa adabu, na uongo wa adabu katika ukoo wetu umeshatosha.

Ilianzia Diani, alasiri, katika hoteli moja ya ufuoni. Mimi ni fundi cherehani, nashona kwangu Msambweni, na siku hiyo nilikuwa nimepeleka mashati ya wahudumu. Kazi ile alinitafutia binti wa marehemu kaka yangu, anayefanya kazi ya mapokezi pale. Binti huyu nimemlea mimi tangu hajaota meno. Babake alikufa, mamake akaolewa tena Tanga, mtoto akabaki mikononi mwangu. Basi napita kando ya bwawa la kuogelea, furushi begani, jasho linanitiririka, mara nasikia kinanda cha kaka yangu.

Usinicheke. Najua kinanda chenyewe kilishaoza zamani. Lakini sauti niliijua: mdundo mzito wa chini unaokwenda bila kuchoka, ngoma kavu kama mtu anapiga beseni tupu la plastiki, na juu yake sauti ndefu inayoanza nyembamba, ikajifungua taratibu mpaka ikakujaa kifuani. Hivyo ndivyo alivyokuwa akipiga, na chumba chake kilikuwa ukuta mmoja na changu. Nilisimama pale juu ya vigae vya moto mpaka mhudumu mmoja akaniuliza, "Mama, umepatwa na nini?"

Aliyekuwa akiupiga ni kijana wa bara, miwani myeusi usoni ilhali amekaa kivulini, kompyuta mbele yake. Nyuma yake skrini kubwa: jua jekundu limekatwa vipande vipande, chini yake mistari ya zambarau inakimbilia mbali, na gari linakwenda peke yake halifiki. Nikamwendea. Sikumwamkia, na kwetu mtu mzima akikufikia bila salamu ujue kuna jambo.

"Muziki huu umeutoa wapi?"

"Hii ni sinthwevu, mathe," akasema. "Ni vaibu ya kitambo, lakini ya fyucha."

"Mimi si mathe yako. Sema nikuelewe."

Akacheka, si kwa ubaya, akavua miwani. Akanieleza kwamba sinthi ni vile vinanda vya umeme vya miaka ya themanini vinavyounda sauti vyenyewe, na wevu ni wimbi. Kwamba vijana wa ng'ambo wamezifukua sauti zile za kale, wakawa wanatunga muziki wa namna ambayo watu wa wakati ule walidhani kesho italia. Magari yanayoruka, miji ya taa, roboti. Mambo yaliyoahidiwa yasije.

"Yaani ni kukumbuka fyucha yenye haikukam," akamalizia, akairudisha miwani yake.

Haya! Sinthwevu! Kumbe una jina. Kumbe una skrini, una miwani, una wageni wanaoutikisia vichwa ndani ya maji huku wameshika glasi. Kaka yangu alipokuwa akiupiga Msambweni haukuwa na jina, ulikuwa na matusi tu. Makelele. Mashetani ya umeme. Redio mbovu. Mama mmoja jirani alimletea hata kombe, maji ya aya zilizooshwa, anywe, ati huenda ana jini la chuma. Na hapa mtoto wa juzi anauita wimbi, watu wanampigia makofi. Kefule!

Binti akanikuta pale nimeshika ukingo wa meza ya yule kijana.

"Shangazi, mbona unalia?"

"Silii. Nimekasirika."

"Umemkasirikia nani?"

Ulimi hauna mfupa. "Huu ni muziki wa babako!" nikasema, na neno likitoka halirudi.

Akanitazama kama mtu asiyenifahamu. Maisha yake yote alikuwa akijua jambo moja tu kuhusu babake, kwamba alikuwa fundi wa redio. Hiyo ndiyo habari tuliyompa ukoo mzima, kila mtu neno lile lile, na hakuna aliyeongeza hata chumvi.

"Baba alikuwa fundi wa redio," akasema polepole.

"Alikuwa fundi wa redio, na alikuwa akipiga huu. Kabla huyu mwenye miwani hajazaliwa."

"Uko wapi muziki huo?"

Nikamwambia twende tukayapeleke mashati stoo kwanza.

Hakuniacha. Alipotoka kazini alinifuata mpaka Msambweni, akaketi juu ya kitambaa nilichokuwa nikikikata, akasema hainuki mpaka nimwambie. Ikabidi nimwambie.

Kaka yangu alinizidi miaka mitatu. Alikuwa na kibanda chake cha kutengeneza redio, na hoteli moja ilipovunja bendi yake na kutupa vyombo vibovu, yeye ndiye aliyekwenda kuviokota. Alikuja na kile kinanda juu ya baiskeli kutoka Diani, amekifunga kwa kamba za katani, nacho vidude vyake vinne vya kubonyeza havilii. Akakifungua juu ya kitanda, akakikalia wiki mbili. Kikalia. Basi ikawa akitoka harusini, ameisikia ngoma ya sengenya na nzumari yake, anarudi chumbani anaitafuta nzumari ile ile ndani ya umeme. Anaigeuza, anairefusha, anaitia mdundo wa mashine, mpaka huijui tena lakini bado inakuita. Aliuita muziki wa kesho. Aliniambia katika hiyo kesho barabara yote kutoka Likoni hadi Lunga Lunga itakuwa na taa, na mtu ataweza kulala Msambweni akapiga kinanda, na mtu wa Japani akamsikia bila yeye kuinuka kitandani. Tulimcheka mpaka mbavu zikauma. Taa bado tunazingoja. Hilo la Japani limekuja, na yeye hayupo kuliona, na mimi likinijia akilini nataka kumpiga mtu.

Alirekodi kaseti kumi na moja. Hakuwa na studio, alikuwa na redio kaseti ameiweka juu ya mto, mbele ya spika. Sasa niwaeleze ninyi msiozijua kaseti. Ukingoni mwake juu kuna vijino viwili vya plastiki. Ukivivunja, hakuna mashine itakayoweza kurekodi kitu kingine juu ya kilichomo. Kaka alivunja vijino vya kaseti zote kumi na moja kwa ncha ya bisibisi, kimoja kimoja, mbele ya macho yangu. Alitaka zibaki.

Homa ikamchukua kwa siku nne. Tukazika, tukasoma hitima. Wageni walipotawanyika mjomba wetu akatuita ndani. Na kwetu mjomba akishasema, baba mtu hana la kuongeza. Mjomba akasema marehemu ameacha kitu kibaya nyuma yake. Muziki ule kila utakapolia, yeye anaandikiwa kule aliko, na hana tena mkono wa kuuzima. Akauliza kaseti anazo nani. Macho yote yakanigeukia.

"Usizichome," mjomba akaniambia. "Kuchoma ni hasara bure. Wewe rekodi mawaidha juu yake, kisha tuzitoe sadaka. Dhambi yake igeuke thawabu."

Wakaitikia wote, maashallah, maashallah, fikra njema. Mimi pia niliitikia. Nilimpenda kaka yangu, nikaona nimepewa kazi ya kumtoa motoni. Sina ugomvi na dini yangu, mnisikie vizuri. Naswali, nafunga, na hesabu ya kaka yangu iko kwa Mola aliyemuumba na masikio yake. Ugomvi wangu ni kwamba katika chumba kile hakuna hata mmoja aliyeuliza swali. Hakuna aliyesema, jamani, kuna mtoto wa miezi saba amelala hapo, tumwekee hata moja. Mimi ndiye niliyekuwa nimempakata huyo mtoto.

Ramadhani ilipoingia nikaanza kazi. Nilikata vipande vya karatasi ya daftari, nikavikunja vidogo vidogo, nikavishindilia katika vile vitundu ambavyo kaka alikuwa amevivunja vijino vyake, ili mashine idanganyike. Kila alasiri redio ilikuwa na mawaidha mpaka adhana ya Magharibi. Natia kaseti, nabonyeza vitufe viwili pamoja, naenda jikoni kukoroga uji. Siku moja upande mmoja, siku ya pili upande wa pili. Siku ishirini na mbili nilimfuta kaka yangu kwa saumu kavu, na kila siku nilijiona mtu mwema. Mjomba akazigawa sadaka: Kombani, Ramisi, Majoreni kwake. Kikulacho ki nguoni mwako, husema watu. Haki ya Mungu, mimi nilikuwa ndiyo nguo na ndiye mdudu.

Binti alinisikiliza mpaka mwisho. Hakupiga kelele. Bora angepiga, nami nikampigia zangu, tukamaliza. Alikunja kile kitambaa alichokuwa amekikalia, akakiweka juu ya cherehani, akarudi Ukunda anakopanga. Ijumaa ikapita hakuja kula, ya pili ikapita. Nilipompigia simu alisema, "Niko kazini, shangazi," na nyuma yake nikawa naisikia ile ile sinthwevu yao ikidunda bwawani.

Ijumaa ya tatu akatokea mlangoni na mkoba.

"Nimechukua likizo. Twende tukazitafute."

"Mwanangu, nimekwambia zina mawaidha."

"Hata zikiwa na mawaidha. Alizishika yeye."

Tukaenda. Kule Kombani aliyepewa alishakufa na wanawe hawajui habari ya kaseti, walituonyesha sidii za sinema. Ramisi tulimkuta mama mmoja mkarimu, akatupa na muwa wa kutafuna, akasema kaseti za sadaka anazikumbuka sana. Redio yake ilipokufa alizivunja, akachukua utepe wake akaufunga kwenye vijiti katika shamba la mpunga. Ukipigwa na upepo unavuma, ndege wanakimbia.

"Zilinisaidia sana zile," akasema. "Allah amrehemu aliyezitoa."

Nikasema amin. Tulipofika barabarani nikautupa ule muwa mtaroni. Kinanda cha watu, nzumari ya watu, kufukuzia kwenzi! Binti akanishika mkono, na tangu siku ya bwawani alikuwa hajanishika.

Ikabaki Majoreni. Mjomba sasa macho yake hayaoni ila mwanga na kivuli, lakini mdomo wake mzima. Tulimkuta barazani baada ya alasiri, redio kaseti miguuni pake, shehe anahutubu humo kuhusu subira.

"Shikamoo mjomba."

"Marahaba. Sauti ya fundi hiyo. Umekuja na nani?"

"Na binti wa marehemu."

"Shikamoo babu," binti akasema.

Mjomba akageuza uso upande wa sauti ile. "Marahaba, mjukuu wangu. Karibuni kitako."

Sikukaa. "Mjomba, tunatafuta zile kaseti."

"Imebaki hii. Ni sadaka, haiondoki."

"Hatutaki kuiondoa. Tunataka kuisikiliza."

"Mawaidha yamejaa redioni, nini kikutoe Msambweni kuja kusikiliza yangu mimi? Hebu kaa, mwanamke. Ngojeni imalize."

Tukakaa. Shehe akamaliza subira yake, ikaja adhana, ile ya mwaka ule, nami nikaikumbuka. Mwisho wa adhana ukasikika mgoto mmoja. Ulikuwa ni mkono wangu huo. Mimi ndiye niliyekuwa na njaa, nikaja mbio kutoka jikoni, nikazima mashine nikafungue kinywa kwa tende na maji, wala sikuangalia kama upande umekwisha.

Haukuwa umekwisha. Baada ya ule mgoto kikaanza kulia kinanda.

Niliutazama mkono wa mjomba. Ulikuwa juu ya paja lake. Haukwenda kwenye kitufe, hata kutikisika haukutikisika. Na uso wake haukuwa wa mtu aliyeshtuka.

"Wewe ulijua," nikasema.

"Nilijua tangu mwaka ule ule."

"Na hukusema!"

"Ningesemaje? Aliyeamrisha ni mimi. Kila siku naweka nia ya kuizima kabla haijafika hapo, kidole kinakuwa kizito."

Toba! Wallahi sikuwahi kumpandishia sauti mjomba wangu, na siku hiyo nilisimama nikampandishia mpaka majirani wakatoka. Nikamwambia mtoto huyu amekua hana sauti ya babake hata ya kukohoa, na wewe umekaa hapa unajifaidi peke yako kila alasiri na tasbihi mkononi! Nikamwambia mnafiki. Neno hilo nililisema. Naye akanijibu, "Na wewe je? Kaseti ishapita mikononi mwako mara mbili, hukuisikiliza hata mara moja?" Hapo ndipo nikaelewa. Kila siku nilikimbilia tende. Zile kumi nyingine nazo zilikuwa na vipande vyake mwishoni, zote, na zimeshapotea, nyingine shambani kwa ndege.

"Nyamazeni!" binti akasema.

Hajawahi kutuambia hivyo watu wazima. Tukanyamaza, mimi na mjomba, kama watoto wa chuoni. Mkanda ulikuwa umefika mwisho ukasimama, na kwa kelele zetu hakuwa amesikia kitu. Akaichomoa ile kaseti taratibu, akatia kalamu ndani ya tundu lake, akaizungusha nyuma kwa mkono, hakuiamini mashine. Akairudisha. Akaiweka simu yake kando ya spika, irekodi. Akabonyeza.

Adhana. Mgoto. Kinanda. Mdundo wa chini ukaja, na ile nzumari yake ya umeme ikajifungua, na mjomba akainamisha kichwa. Dakika moja, labda na kidogo. Halafu ndani ya muziki mlango ukabamizwa, na sauti ya msichana ikapasuka, kali, ya kijeuri.

"We! Hebu zima hiyo takataka! Wageni wamekuja, utatutia aibu!"

Halafu mwanamume akacheka. Alicheka kwa raha kabisa, wala kinanda hakikusimama. "Nyamaza wewe," akasema, "narekodi!"

Muziki ukaendelea kitambo kidogo, mkanda ukaisha.

Binti alikuwa ameziba mdomo kwa ncha ya mtandio. Aliuliza, "Huyo ndiye yeye?" nami nikaitikia kwa kichwa. Hakuuliza huyo msichana ni nani. Alikuwa amenijua. Akairudisha nyuma kwa kalamu, tukasikiliza tena, na tena, mpaka Magharibi ikaadhiniwa kweli msikitini pale, na mjomba akaomba aongozwe kwenda kutawadha. Mimi sikumwongoza. Aliongozwa na binti.

Aliporudi alikaa karibu yangu, akaishika simu yake kwa mikono miwili. Akasema kuna njia ya kuisafisha sauti, na yule kijana wa miwani anajua namna yake. Kisha akasema kwa upole, asije akaniumiza, "Pale unapopiga kelele nitamwambia akate, shangazi. Abaki baba na muziki wake tu."

"Usinikate," nikamwambia. "Nimeshamfuta vya kutosha mimi, na wewe usianze. Niache humo humo na mdomo wangu, watu wasikie alikuwa akiishi na nani."